Sura ya Tano: Masizi Juu ya Ngozi Nyeusi

Kila jioni, kabla ya kupanda jukwaani, Bert Williams aliketi mbele ya kioo akajipaka masizi usoni. Masizi yenyewe yalitokana na vizibo vya chupa vilivyounguzwa, vikasagwa na kukorogwa kwa maji. Aliyapaka kuanzia paji la uso, akashuka mashavuni hadi shingoni, akauacha mdomo, kisha akauzungushia rangi nyeupe ili uonekane mpana kuliko ulivyo. Baada ya hapo alivaa wigi la nywele za kipilipili, glovu za kufunika viganja vyake, suti iliyomfupia mikono, na viatu vikubwa vilivyochakaa. Mtu huyu alikuwa mweusi. Alizaliwa Nassau, katika visiwa vya Bahama, tarehe 12 Novemba 1874, na wazazi wake wote walikuwa na asili ya Afrika. Lakini ngozi yake ilikuwa ya maji ya kunde, na kwa watazamaji wa Marekani wa zama zile weusi huo haukutosha.

Desturi hiyo waliianzisha Wazungu. Tangu miaka ya 1830, wanaume wa Kizungu katika miji ya Marekani walijipaka masizi, wakaimba na kucheza kwa kuwaigiza watumwa, na maonesho yao, yaliyoitwa minstreli, yakawa burudani inayopendwa kuliko zote nchini humo. Kwa miaka sitini watu walizoezwa kuamini kwamba Mweusi wa jukwaani ndivyo alivyo: mvivu, mwizi wa kuku, mwoga wa mizimu, mlevi wa maneno makubwa asiyoyaelewa. Utumwa ulipofutwa na watu weusi wenyewe wakaanza kupanda jukwaani, waliikuta picha yao imekwisha kuchorwa, na aliyetaka kulipwa alitakiwa kuivaa.

Wengi wanaoandika juu ya Williams huishia hapo, wakamlilia. Mimi naona huruma hiyo, ingawa ni ya haki, inamnyang'anya kitu. Inatusahaulisha kwamba chini ya yale masizi alikuwamo fundi, mmoja wa mafundi wakubwa wa kuchekesha waliopata kusimama jukwaani, na kwamba ufundi huo aliujenga kwa akili na kwa miaka mingi ya kazi. Aliyopokonywa nitayasema. Lakini kwanza nataka msomaji aione kazi yenyewe.

Wazazi wake walihama naye akiwa mtoto, wakaenda Florida, kisha upande wa pili wa bara, Riverside, California, nchi ya mashamba ya machungwa. Alikua akawa kijana mrefu wa zaidi ya futi sita, mpole, mpenda vitabu. Kile Kiingereza cha watumwa wa Kusini kilichotarajiwa kwa kila mchekeshaji mweusi hakukijua kabisa. Baadaye alieleza kwamba ilimbidi ajifunze lafudhi ile kama mtu anavyojifunza lugha ya nchi nyingine. Naomba jambo hilo likumbukwe, kwa sababu watazamaji wake walidhani wanamwona mtu akijionesha alivyo, kumbe walikuwa wanamtazama mwigizaji.

Mwaka 1893, akiwa San Francisco, alijiunga na kikundi kidogo cha minstreli. Kikundi kilihitaji mtu mwingine, na Williams akampata George Walker, kijana wa Lawrence, Kansas, aliyefika pwani ile akifuatana na wauza dawa waliozunguka miji kwa magari ya farasi, wakitumia ngoma na mizaha kuvuta wateja. Walker alikuwa mfupi, mweusi tititi, mchangamfu, mpenda mavazi ya fahari. Wawili hawa walishikamana kwa miaka kumi na sita.

Mwaka uliofuata San Francisco iliandaa maonesho makubwa ya kibiashara katika bustani ya Golden Gate. Mojawapo ya vivutio vilivyotangazwa kilikuwa kijiji cha watu wa Dahomey, nchi ambayo leo ni Benin. Siku ya kufungua ilifika Wadahomey wenyewe wakiwa bado baharini, na waandaaji wakawakodi Wamarekani weusi wakae kijijini wakijifanya Waafrika. Williams na Walker walikuwa miongoni mwao. Wageni halisi walipowasili, vijana wale waliachishwa kazi lakini wakaruhusiwa kuingia bure, nao wakawa wanakwenda kuwatazama. Walker aliandika mwaka 1906 kwamba kule kuwaona Waafrika, kusikia nyimbo zao na kutazama ngoma zao, ndiko kulikowaamsha. Waliapa kwamba wakipata nafasi watatia Afrika katika kazi yao. Miaka tisa baadaye walitimiza.

Kabla ya hapo walihitaji kula. Waliona Wazungu waliojipaka masizi wakijitangaza kwa jina la kashfa ambalo Wamarekani waliwaitia watu weusi, nao wakaamua kujitangaza kuwa ndio wawili wa kweli wenye jina hilo. Ni bango linalochoma moyo ukilisoma leo. Kwa upande mwingine lilikuwa madai ya biashara: kama kuna wa kumwigiza mtu mweusi, basi awe mweusi.

Mwanzoni Walker ndiye aliyechekesha, Williams akiwa mwenzake wa kumpokea maneno. Mambo yaligeuka mjini Detroit, walipokuwa wakielekea mashariki. Siku moja, kwa kujaribu tu, Williams alijipaka masizi na kuimba wimbo mpya. Ukumbi ulilipuka. Yeye mwenyewe alisimulia mwaka 1918 kwamba hakuna aliyeshangaa kuliko yeye, na kwamba tangu siku ile ndipo alipoanza kujijua kuwa mchekeshaji, kwa sababu aliweza kujitazama kama mtu mwingine. Hapo pana fundo ambalo sijawahi kulifungua hadi mwisho: chombo kilichotengenezwa kumdhalilisha ndicho kilichomfungulia kipaji.

Mwaka 1896 walifika New York, na ukumbi wa Koster and Bial's ukawachukua. Sasa walikuwa ndani ya vodevili, na inafaa kueleza ilivyoendeshwa, maana ndiyo iliyomlea msanii wa aina yake. Vodevili ilikuwa jioni moja yenye vipande vinane au tisa visivyohusiana: mwanasarakasi, mwimbaji, mbwa waliofunzwa, mchezo mfupi wa kuigiza, mfanya mazingaombwe, wachekeshaji wawili. Kila kipande kilichukua dakika kumi hadi ishirini. Kumbi zilifungamana kwa minyororo chini ya wenye mali kama B. F. Keith na Edward Albee, na msanii alipanda treni kila juma kwenda mji mwingine kurudia kipande kilekile. Wa kwanza jioni walikuwa wanasarakasi au wanyama, kwa kuwa watu walikuwa bado wanatafuta viti na hakuna ambaye angesikia maneno. Nafasi ya heshima ilikuwa ya pili kutoka mwisho. Mameneja wa Keith walipeleka makao makuu ripoti ya kila kipande: kilidumu dakika ngapi, watu walicheka wapi, neno gani likatwe.

Mfumo huo ulikuwa mkali, lakini uliwapa wachekeshaji kitu ambacho wengi leo hawakipati, yaani miaka ya kukirudia kipande kimoja mbele ya watu tofauti kila usiku. Williams aliijua mikono yake kwa undani. Alijua anyamaze muda gani kabla ya neno la mwisho. Walker alitembea kwa madaha, akatema maneno upesi, akapanga mipango ya kutajirika. Williams alikuja nyuma akiburuta miguu, akielewa mambo polepole mno, na mpango ulipoharibika, aliyeumia alikuwa yeye. Waliongeza dansi iliyoitwa cakewalk, ambayo watumwa waliibuni kwa kuigiza mwendo wa kujigamba wa mabwana zao, nayo ikawa mtindo wa matajiri wa New York. Mwaka 1898 walipeleka barua nyumbani kwa tajiri William K. Vanderbilt, wakimwalika ashindane nao kwa dau la dola 50. Hakuja. Habari ilivuma.

Umaarufu haukuwa ngao. Agosti 1900 Wazungu wa New York waliwashambulia watu weusi mitaani, na Walker alikamatwa na kundi hilo akapigwa.

Tarehe 18 Februari 1903 tamthilia yao ya muziki, *In Dahomey*, ilifunguliwa katika New York Theatre. Muziki ulitungwa na Will Marion Cook, maneno ya nyimbo yakaandikwa na mshairi Paul Laurence Dunbar, hadithi na Jesse Shipp. Ilikuwa tamthilia ya kwanza ndefu ya muziki iliyotungwa na kuchezwa na watu weusi kuingia katika ukumbi mkubwa wa Broadway. Watazamaji weusi waliokwenda kushuhudia siku hiyo waliwekwa roshani za juu. Mei mwaka huohuo walivuka bahari hadi Shaftesbury Theatre, London, na tarehe 23 Juni walicheza katika viwanja vya kasri la Buckingham mbele ya jamaa ya Mfalme Edward wa Saba, kwenye sikukuu ya kuzaliwa kwa mjukuu wake. Mwaka uliofuata, huko Edinburgh, Williams alipokewa katika chama cha Wamasoni, jambo ambalo lodge za Wazungu wa kwao zisingemfanyia.

Katika *In Dahomey* Williams aliimba wimbo wa mtu mwenye mkosi wa Nabii Yunus, yule ambaye chombo alichopanda lazima kipigwe na dhoruba. Mhusika huyo alimkaa mwilini akawa wake moja kwa moja. Mwaka 1905 alitia muziki maneno ya Alex Rogers, na ukazaliwa wimbo uliompa jina kuliko mwingine wowote, *Nobody*. Mwimbaji anauliza nani alimsaidia alipokuwa na shida, na kila mara jibu ni kwamba hakuna. Williams hakuuimba kwa maana ya kawaida ya kuimba. Aliusema nusu na kuuburuta nusu, sauti ikichelewa nyuma ya muziki kana kwamba mtu amechoka hata kulalamika. Alianza kwa kutoa kitabu kidogo mfukoni, akakipekua taratibu hadi akapata ukurasa, kana kwamba shida zake ni nyingi kiasi cha kuhitaji daftari. Kampuni ya Columbia iliurekodi mwaka 1906, na tena mwaka 1913. Watu hawakumruhusu kuuacha. Aliandika baadaye kwamba aliuimba miaka saba mfululizo, hadi akafika kutamani waliotunga maneno na muziki, yeye mwenyewe akiwa mmoja wao, wangekuwa wamenyongwa mapema.

Kuhusu kicheko alikuwa na hoja yake, nayo aliieleza waziwazi katika makala ya mwaka 1918: mizaha yote ya dunia imejengwa juu ya mambo machache, na kubwa kati ya hayo ni kumwona mwenzako akiwa taabuni. Waswahili tulikwisha kusema kwamba mzigo wa mwenzio ni kanda la sufi. Williams aliongeza sharti moja ambalo kwangu ndilo linalomtenga na wachekeshaji wengi: mzigo huo alijitwisha mwenyewe. Hakumcheka kiwete wala mlevi wala mgeni aliyepotea njia. Aliyekosa kijiko siku mvua ya supu iliponyesha alikuwa yeye. Na kwa kuwa shida za mhusika wake zilikuwa za kukosa kodi, kukosa rafiki na kukosa bahati, Mzungu aliyekuja kumcheka Mweusi alijikuta amemtambua jirani yake, pengine na nafsi yake. Hivyo ndivyo alivyoigeuza ile picha ya minstreli kutoka ndani. Masizi yalibaki, aliyekuwa chini yake akawa binadamu.

*Abyssinia* ilifuata mwaka 1906, hadithi yake ikiwa katika Ethiopia ya Mfalme Menelik, kisha *Bandanna Land* mwaka 1908. Katika ziara ya tamthilia hii ya mwisho Walker alianza kusahau maneno na ulimi kumwia mzito. Ilikuwa kaswende, ambayo wakati huo haikuwa na tiba. Alitoka jukwaani mwaka 1909, na mkewe, Aida Overton Walker, mchezaji dansi hodari kuliko wote wa kikundi, akavaa suti za mumewe na kuzicheza sehemu zake. Walker alifariki Januari 1911. Ndiye aliyekuwa msemaji, mpatanishi wa mikataba, mtu aliyewabana wenye kumbi. Williams, ambaye hakupenda ugomvi, alibaki peke yake.

Hata kabla ya kifo hicho, Walker akiwa bado mgonjwa, Florenz Ziegfeld alikuwa amekwisha kumwita Williams. *Follies* za Ziegfeld hazikuwa vodevili hasa. Zilikuwa onesho la kifahari la kila mwaka, lakini wachekeshaji wake wengi walitoka vodevili. Mwaka 1910 Williams aliingia humo akiwa mtu mweusi peke yake kati ya nyota Wazungu, na baadhi ya waigizaji walitishia kuondoka. Inasimuliwa kwamba Ziegfeld aliwajibu kuwa yeyote kati yao angeweza kumpatia wa kushika nafasi yake, isipokuwa Williams. Hawakuondoka. Williams naye aliweka masharti: asicheze Kusini, na asiwe peke yake jukwaani na mwanamke wa Kizungu. Sharti la pili lilimlinda yeye. Mwanamume mweusi aliyedhaniwa tu kumtazama mwanamke wa Kizungu aliweza kuuawa na umati, na magazeti ya miaka ile yalijaa habari za mauaji hayo.

Nitakaa kidogo kwenye mchezo wa mwaka 1911, kwa sababu sioni ukisemwa vya kutosha. Stesheni kubwa ya Grand Central ilikuwa inajengwa New York. Williams alicheza mpagazi, na Leon Errol, mchekeshaji wa Australia, akacheza msafiri anayetaka kuvushwa juu ya vyuma vya jengo lisilokamilika. Wamefungwa kamba moja. Errol anateleza, anaanguka. Williams anamvuta juu polepole, huku akizungumza mambo yake. Anateleza tena, anavutwa tena. Kisha mpagazi anagundua kwamba bakshishi atakayopewa kwa kazi hii yote ni senti tano. Msafiri anapoanguka safari nyingine, kamba inaachiliwa. Sehemu kubwa ya maneno waliibuni papo hapo, usiku hata usiku. Fikiria ukumbi wa Broadway wa mwaka ule, umejaa Wazungu waliovaa vizuri, wakicheka mpagazi mweusi anapomwachia Mzungu bahili aanguke. Nje ya ukumbi ule jambo kama hilo lingeleta maafa.

Kipande chake kingine hakikuwa na neno hata moja. Taa moja, meza isiyokuwepo, karata zisizokuwepo. Williams alicheza poka peke yake, akiwa wachezaji wote: anagawa, anapokea, anachungulia, uso unang'aa kwa karata alizopata, anapandisha dau, anawatazama wenzake mmoja mmoja, shaka inaingia, anapandisha tena kwa kujikaza, karata zinafunuliwa, na uso unaporomoka taratibu. Watu walicheka hadi machozi bila kusikia sauti. Kipande hicho kimehifadhiwa katika filamu ya mwaka 1916, *A Natural Born Gambler*.

Onesho likiisha, alirudi kuwa Mweusi wa Marekani. Eddie Cantor, aliyecheza naye katika *Follies*, alisimulia kwamba hotelini Williams alilazimika kutumia lifti ya nyuma, na kwamba alimwambia isingemuuma sana kama makofi ya watu yasingekuwa bado yanamlia masikioni. Mchekeshaji W. C. Fields, ambaye hakuwa mwepesi wa kumsifu mtu, alisema hakuwahi kuona mtu mwenye kuchekesha kumzidi, wala kumjua mtu mwenye huzuni kumzidi. Mwenyewe katika ile makala ya 1918 aliandika kwa utulivu unaotisha: hakuwahi kuona aibu yoyote katika kuwa mtu mweusi, ila huko Marekani mara nyingi aliona ni usumbufu.

Watu weusi wenzake hawakuwa na kauli moja juu yake. Booker T. Washington, mwalimu na kiongozi maarufu wa watu weusi, aliandika mwaka 1910 kwamba Williams ameifanyia jamii yao mengi kuliko yeye. Wengine walimlaumu kwa kuyaacha maonesho ya watu weusi na kujitenga katika jukwaa la Wazungu, huku masizi yakiwa usoni. Lawama hiyo ilikuwa na msingi. Baada ya *Mr. Lode of Koal* mwaka 1909, Broadway ilikaa zaidi ya miaka kumi hadi *Shuffle Along* ya 1921 bila tamthilia kubwa ya muziki ya watu weusi iliyofanikiwa, na kuondoka kwake kulichangia pengo hilo. Lakini Walker aliugua akafa, Aida naye akafa mwaka 1914, na mtu mmoja mwenye moyo wa amani hawezi kubeba kampuni nzima ya maonesho katika nchi iliyokataa hata kumuuzia chakula. Williams alitamani sehemu ya kuigiza isiyo ya kuchekesha, isiyo na masizi. Hakuipata.

Februari 1922 alikuwa Detroit na tamthilia mpya, *Under the Bamboo Tree*, akiugua nimonia na kukataa kupumzika kwa kuwa onesho lilimtegemea yeye. Tarehe 27 alianguka jukwaani. Watazamaji, wakidhani ni sehemu ya mchezo, walicheka. Alipelekwa nyumbani New York, akafariki tarehe 4 Machi, akiwa na umri wa miaka 47. Maelfu walipita mbele ya jeneza lake, na lodge ya Wamasoni Wazungu ilimsomea ibada ya mazishi. Amezikwa katika makaburi ya Woodlawn, Bronx.

Kazi yake moja ilingoja muda mrefu baada ya kifo chake. Mwaka 1913 Williams aliigiza katika filamu ndefu pamoja na kundi kubwa la wasanii weusi, ikapigwa lakini haikukamilishwa. Mikanda ilikaa ghalani katika jumba la makumbusho la sanaa ya kisasa la New York, hadi wataalamu walipoiunganisha na kuionesha mwaka 2014, baada ya miaka mia moja. Ndani yake wenzake wana nyuso zao za kawaida, wanapendana, wanapanda farasi wa bembea, wanacheza cakewalk. Mwenye masizi ni yeye peke yake. Msomaji anayetaka kumjua Williams aitafute filamu hiyo, na kabla ya hapo asikilize ile santuri ya *Nobody*. Asiharakishe. Asikilize anavyochelewa nyuma ya muziki, amtazame macho yake na mikono yake, ndipo aamue kama huyu alikuwa mtu wa kuhurumiwa tu. Mimi nimeamua: alikuwa bwana wa kazi yake, na Marekani ilimpa jukwaa dogo kuliko kipaji chake.